Bi Norma Hakuwa Anaigiza

Karatasi ya kwanza Clifford aliibandika nyuma ya mizani. Ya pili aliiweka chini ya ubao wa kukatia, ncha yake ikichungulia kidogo. Ya tatu, iliyobeba sentensi ndefu kuliko zote, aliichomeka kwenye barafu baina ya samaki wawili, mahali ambapo kamera isingeiona lakini mkewe akiinama angeiona. Alikuwa na miaka sabini na tisa, magoti yakimlia kila alipochutama, na alikuwa akifanya kazi hiyo kwa mwezi wa nne sasa, asubuhi, kabla mafundi hawajajaa studio. Walipomkuta alisema anakagua taa. Hakuna aliyemshuku. Alikuwa amewasha na kuzima taa za studio ile ya Leeds tangu baba zao hawajaoa, na ingawa alikwisha kustaafu, walimwita Mzee Cliff na kumwacha apite atakako.

Mkewe, Norma Lumb, alikuwa amesimama nyuma ya meza ile ya samaki miaka ishirini na tisa, akiitwa Queenie Hartshorn, katika tamthilia ya Soko la Scarbeck. Kabla ya hapo alikuwa kila mtu. Filamu yake ya kwanza aliingia na sinia la chai akiwa na miaka kumi na tisa, akasema, "Bwana hayupo," akatoka. Kisha akawa muuguzi, mhudumu wa baa, mke wa polisi, mjane wa polisi, mtawa aliyenyongwa katika jumba bovu lililomwachia kikohozi cha mwaka mzima. Aliwahi kuwa mama wa mwanamume aliyemzidi miaka miwili. Hakuwahi kuwa nyota. Alikuwa yule ambaye watu humwona kwenye kioo cha televisheni wakasema, "Huyu namjua huyu," wasikumbuke jina.

Asubuhi ile mambo yaliharibika kwa sababu ya barafu. Taa zilikuwa kali, barafu ikayeyuka, ile karatasi ikaganda kwenye ubavu wa samaki. Norma aliinama, hakuona kitu. Mstari haukuja. Mikono yake, ambayo haikuwa na tatizo lolote la kusahau, ikamfunga samaki kwenye gazeti na kumpa mteja, kijana mwigizaji wa wiki mbili tu. Kijana akafungua mbele ya kamera, akaona maandishi.

"'Mpe mama yako salamu, mwambie deni la Krismasi sijalisahau,'" akasoma. "Jamani, siku hizi samaki wanakuja na barua?"

Watu wakacheka. Norma naye akacheka, kwa kuwa alikuwa mtu wa kazi na alijua lini mtu anatakiwa kucheka. Kisha mmoja akanyanyua ubao wa kukatia. Mwingine akageuza mizani. Kicheko kikafa kidogo kidogo, kama moto unaonyimwa kuni, na watu wakaanza kutazama viatu vyao.

Clifford alikuwa ameketi kwenye kiti chake gizani. Alihisi macho yakimgeukia moja moja.

*

Tamsin Rudge, mtayarishaji, alikuwa na miaka thelathini na minne. Aliwakaribisha ofisini kwake, akawapa chai na biskuti, akaanza kusema na Norma kwa sauti ya juu, neno moja moja, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia ya stesheni.

"Norma. Unajisikiaje. Leo?"

"Masikio yangu mazima, mwanangu," Norma alisema. "Ni sehemu nyingine iliyoharibika."

Tamsin akawa mwekundu. Akamtazama Clifford. "Daktari amesema nini?"

"Muulize yeye," Clifford alisema. "Mgonjwa ni yeye."

"Amesema ni ugonjwa wa kusahau," Norma akajibu. "Tangu Februari. Amesema utakwenda polepole, halafu hautakwenda polepole tena. Kama unataka kunifukuza nifukuze sasa, chai bado ya moto."

Tamsin hakutaka kumfukuza. Alikuwa na wazo jingine, na Clifford aliona jinsi alivyolileta kwa uangalifu, kama mtu anayebeba bakuli lililojaa. Queenie naye angeanza kusahau. Taratibu, katika vipindi kumi, kisha angeliaga soko. Waandishi wangeandika kwa heshima zote. Norma asingekuwa na haja ya karatasi, kwa kuwa akipotewa na neno, Queenie ndiye angekuwa amepotewa.

Norma alitafuna biskuti hadi ikaisha.

"Yaani nikikosea ndiyo nimepatia."

"Unaweza kusema hivyo."

"Sisemi, nauliza." Akafuta chembe mapajani. "Nisikilize, binti. Nimekufa kwenye kioo mara kumi na moja na kila mara nimeamka nikala chakula cha mchana. Nitakuigizia mwanamke anayesahau, na nitamwigiza vizuri, maana namwona kila asubuhi nikichana nywele. Lakini nitamwigiza. Andikeni maneno, mimi nitayashika. Hamtanikalisha pale mkanipiga picha naumwa. Hayo ni mambo mawili."

"Naelewa kabisa," Tamsin alisema.

"Unaelewa, au unanikubalia tu ninyamaze?"

"Naelewa, Norma. Nakuahidi."

Ndani ya gari, wakirudi nyumbani Armley, Norma aligeuka walipofika kwenye taa nyekundu. "Yule mtoto mzuri," alisema. "Lakini ana haraka."

*

Jumapili binti yao Gillian alikuja kula, na kwa kuwa gazeti moja lilikuwa limeshanusa habari, hapakuwa na namna ya kumficha tena. Aliweka uma chini.

"Tangu Februari," alisema. "Mimi nakuja kila Jumapili, natafuna nyama hapa, mnaniuliza habari za paka wangu. Tangu Februari, baba?"

"Mama yako hakutaka."

"Na karatasi yenyewe? Ile ya mwanasheria, ya kumsainia mambo yake akishindwa. Hiyo nayo mmefanya bila mimi?"

"Nimemwandikia baba yako," Norma alisema, akimwongezea viazi. "Wewe ungeniweka kwenye nyumba ya wazee yenye mazulia ya maua. Baba yako hajui hata pa kuzipata."

Gillian hakucheka. Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, mtu wa kunyoosha mambo. "Mama, watakufanya kituko. Watu milioni tano watakaa na chai zao wakutazame unavyopotea."

"Watanitazama nikifanya kazi."

"Na siku ukipotea kwelikweli, kamera ikiwa inazunguka?"

Norma alimtazama mumewe badala ya kumjibu binti yake. "Cliff atakuwepo," alisema. "Akiona nimezama atawazimia taa. Si ndiyo, mzee?"

"Ndiyo," Clifford alisema.

*

Walijifunza kwa wiki tatu. Walikaa jikoni, yeye upande wa dirisha, mumewe upande wa jiko, kama walivyokaa tangu mwaka wa kwanza wa ndoa. Clifford ndiye aliyemsomea wengine wote. Miaka hamsini na mmoja alikuwa ameshakuwa muuaji wake, mchumba wake, hakimu wake na mfalme mmoja, wote kwa sauti ileile ya fundi anayesoma mita ya umeme. Norma alisema hiyo ndiyo iliyomsaidia, kwa kuwa ukiweza kumpenda mtu anayesema hivyo, studio kazi ni nyepesi.

Onyesho kubwa lilikuwa la kipindi cha nane. Queenie anafungua duka alfajiri, anamwita mumewe Stan aliyekufa zamani, anamgombeza kwa kuchelewa na barafu, halafu katikati ya maneno anakumbuka kwamba alimzika. Ukurasa mmoja na nusu, bila mtu wa kumjibu.

Siku ya kwanza alishika mistari miwili. Siku ya tano alishika sita, kesho yake akaipoteza yote, akaitupa sufuria kwenye sinki. Akaanza upya. Aliyafunga maneno kwenye vitu: neno hili kwa kisu, hili kwa ndoo, hili kwa kufunga kamba ya aproni. Clifford alimwona akitembea bustanini kwenye manyunyu akigombana na Stan ambaye hakuwepo, na Surjit, jirani yao, akampungia mkono kutoka upande wa pili wa ukuta bila kushtuka. Wiki ya tatu ilipoisha alilisema lote mara nne mfululizo. Alikaa chini, akashusha pumzi.

"Bado nipo," alisema.

*

Siku ya kupiga picha alianza vizuri. Alifungua mlango wa duka, akavaa aproni, akamgombeza Stan. Wapiga kamera waliokuwa wakimhurumia tangu kisa cha samaki walisahau kumhurumia. Clifford, kwenye kiti chake, alikuwa akiyasema maneno yote kwa midomo bila sauti.

Kisha alipofika kwenye ndoo, ndoo haikuwepo. Mtu alikuwa ameisogeza hatua mbili kushoto, isije ikamkwaza.

Norma aliutazama mkono wake uliokuwa umenyooka kushika hewa. Akaurudisha. Akageuka upande huu, akageuka upande ule, na Clifford aliona uso wa mkewe ukifunguka, ukawa mtupu, kama nyumba iliyohamwa.

"Samahani," alisema kwa sauti ndogo. "Samahani jamani. Nilikuwa nayo. Nilikuwa nayo yote." Akaushika ukingo wa meza. "Uko wapi? Niwashie taa. Sioni niliposimama. Uko wapi wewe, niwashie taa basi."

Clifford aliinuka. Mwongozaji, bila kumtazama, alinyoosha mkono kumzuia, kiganja wazi: subiri. Na Clifford, ambaye maisha yake yote kazini mwongozaji akinyoosha mkono alisimama, alisimama.

Ilikuwa dakika moja, pengine na nusu. Kamera iliendelea. Norma alilia kidogo, akajifuta kwa aproni, akaanza kuwapanga samaki kwa ukubwa, mmoja mmoja, kwa uangalifu mkubwa. Mwongozaji aliposema basi, studio nzima ilipiga makofi. Mwanamke wa mavazi alikuwa akilia wazi.

Clifford alimfikia kwanza. Norma alimshika mkono wa koti.

"Wanapiga makofi ya nini?"

"Umefanya vizuri."

"Sijafanya kitu. Nilipotea, Cliff." Alikuwa ameshamjua tena, na macho yake yalikuwa makali. "Ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa pale."

"Waambie wakifute hicho. Kesho narudia. Ndoo wairudishe pale ilipokuwa."

Wakakubali. Kesho yake saa nne asubuhi ndoo ilikuwa mahali pake, na Norma akalisema onyesho lote bila kudondosha neno. Chozi lilitoka pale alipolipangia litoke. Alitoka kwenye taa ametokwa jasho, amechangamka, akala mikate miwili ya nyama akiwa amesimama.

"Hiyo ndiyo kazi," alimwambia Clifford huku akitafuna. "Ile ya jana ilikuwa ajali."

*

Wiki moja baadaye Tamsin alimpigia simu Clifford, akamwomba aje peke yake. Walikutana kwenye maegesho ya studio. Alikuwa na kompyuta ndogo na karatasi moja. Aliiweka kompyuta juu ya boneti ya gari, akamwonyesha onyesho la pili kwanza.

Lilikuwa zuri. Mwanamke anayejua kazi yake.

Kisha akamwonyesha la kwanza. Kwenye kioo, bila harufu ya samaki na bila watu wa kukwepa macho yao, Clifford alimwona mkewe akiuliza yuko wapi. Alitoa leso, hakuwahi kuitumia, machozi yalikuwa yameshafika kidevuni.

"Siwezi kulirusha la kwanza bila ridhaa," Tamsin alisema. "Pale hakuwa anaigiza. Wanasheria hawataki."

"Muulize mwenyewe."

"Nikimuuliza atakataa."

"Basi jibu unalo."

Tamsin alifunga kompyuta. Hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililomwia vigumu Clifford baadaye, kwamba hakupata hata mtu mbaya wa kumlaumu. "Mzee Cliff, mama yangu mzazi yuko hivyohivyo," alisema. "Hakuna aliyewahi kuonyesha hiki kama kilivyo. Na wewe umekaa nyuma ya taa miaka yote hiyo, huwezi kunidanganya. Norma ana miaka hamsini na saba kwenye kioo. Umewahi kumwona akifanya kitu kikubwa kuliko hiki?"

Clifford alifikiria yule mtawa, wajane wote, sinia la chai. Alifikiria sherehe za tuzo walizozitazama sebuleni, Norma akiwapigia makofi marafiki zake kwa moyo mweupe. Hakuna aliyewahi kumtaja. Alikuwa amemmulika tangu akiwa binti wa miaka ishirini na mbili, na siku zote aliamini kwamba kuna kitu ndani yake ambacho hakuna kamera iliyokikamata. Sasa kamera ilikuwa imekikamata. Na chini ya wazo hilo lilijificha wazo jingine, dogo, la aibu: hatakumbuka. Kufikia siku ya kurushwa hatajua lipi ni lipi.

"Hapana," alisema. "Sijawahi."

Alisaini ile karatasi juu ya boneti, kwa niaba ya mkewe. Kalamu ilikuwa ya Tamsin.

*

Kipindi kilirushwa Alhamisi, saa moja na nusu jioni. Gillian alikuja, Surjit akaja na sahani ya sambusa. Norma alikuwa amechana nywele na kupaka rangi ya mdomo, kama ilivyokuwa desturi yake akijitazama. Duka likafunguliwa. Stan akagombezwa. Clifford aliacha kukitazama kioo, akawa anautazama uso wa mkewe kutoka pembeni.

Aliona wakati Norma alipojua. Ilikuwa ni pale mkono uliponyooka kushika hewa. Norma hakutikisika. Alitazama hadi mwisho, hadi samaki walipopangwa, hadi majina yalipopita. Gillian alikuwa akilia, Surjit amemshika bega.

"Nani kakubali?" Norma aliuliza.

"Mama," Gillian alisema kwa upole, akidhani amechanganyikiwa, "huyo ni wewe, mama."

"Najua ni mimi. Hapo ndipo kwenye shida. Nani kakubali?"

"Mimi," Clifford alisema. "Nilitia saini mimi."

Simu ilianza kuita, kisha ya Gillian nayo ikaita. Hakuna aliyezipokea. Surjit aliichukua shali yake, akaenda zake taratibu.

"Ulikuwa bora, Norma," Clifford alisema. "Naapa. Hakuna anayeweza kufanya vile."

"Hakuna anayefanya vile, Cliff. Vile vinamfika mtu." Hakupaza sauti. "Miaka yote hii, kila walichokiona kwangu mimi niliwapa. Kibaya nikawapa, kizuri nikawapa. Hiki hamkuniomba. Mmeingia mkachukua."

"Nilidhani—"

"Ulidhani nitasahau."

Gillian aliwatazama wazazi wake, mmoja baada ya mwingine, na akaanza kukusanya vikombe ambavyo bado vilikuwa na chai.

*

Tuzo ilikuja majira ya kuchipua. Norma hakwenda. Alimtuma Gillian, na Gillian akarudi nayo, akaiweka kabatini kati ya sahani, maana mama yake hakusema aiweke wapi. Sokoni Kirkgate wanawake walimsimamisha, wakamshika mikono, wakamwambia ilikuwa kama kweli vile. "Asanteni," aliwajibu, na akaongeza mwendo. Wakala alipiga simu na kazi mbili, bibi kizee kwenye tangazo na bibi kizee kwenye filamu. Alizikataa zote mbili. Hakumwambia tena mumewe wakae jikoni.

Hawakugombana. Clifford angefurahi wagombane. Norma alimshukuru kwa chai, alimfunga vifungo vya mikono ya shati vilivyomshinda, alilala upande wake wa kitanda. Na Clifford, kwa aibu ambayo hakumsimulia mtu, akaanza kuungoja ule ugonjwa. Ulikuwa unakwenda kama daktari alivyosema. Vuli ulichukua njia ya kwenda dukani. Krismasi ulichukua jiko, akawa haachwi nalo. Ukachukua filamu, zote, mtawa na wajane na yule mwana mkubwa kuliko mama yake. Asubuhi moja ya Machi Gillian aliingia na maua, na mama yake akamkaribisha kwa adabu, akamuuliza kama ametoka mbali. Gillian alikwenda kusimama chooni kwa muda mrefu huku maji ya bomba yakimwagika.

Clifford alikuwa akisubiri ufike kwenye ile Alhamisi. Kila siku alidhani ni leo.

Mwezi wa Mei walipata muuguzi wa kuja nyumbani, mwanamke mnene mwenye kicheko, aliyeitwa Bernadette. Siku ya kwanza alivuta kiti karibu na Norma, akamshika mkono, akamnyooshea kidole Clifford aliyekuwa mezani akipooza uji.

"Na huyu bwana mtanashati ni nani, Norma? Hebu nijulishe."

Norma aliinua uso. Alimtazama mzee yule muda mrefu, kwa juhudi, kama alivyokuwa akitafuta mstari uliompotea. Clifford aliacha kukoroga.

"Jina limenitoka," alisema Norma kwa Bernadette, kwa upole, kama mtu asiyetaka kumwudhi mgeni. "Lakini namjua. Ndiye aliyetia saini."

Bernadette alicheka, akidhani ni habari za cheti cha ndoa. Clifford alionja uji kwa ncha ya ulimi, akaona umepoa, akasogea nao karibu, na mkewe akafungua kinywa.